Daktari wa Dharura na Pengo la Afya Mijini: Kazi Iko Kwenye Utaratibu

Mwaka 1993 daktari wa dharura Knox Todd na wenzake walichapisha utafiti mdogo uliofanyika katika idara ya dharura ya hospitali ya chuo kikuu cha UCLA, Los Angeles. Walipitia mafaili ya wagonjwa 139 waliovunjika mifupa mirefu ya mikono au miguu. Kati ya Walatino, yaani wenye asili ya Amerika ya Kilatini, asilimia 55 hawakupewa dawa yoyote ya maumivu. Kati ya Wazungu, asilimia 26. Mwaka uliofuata wakauliza swali jingine, ambalo kwa maoni yangu lina uzito zaidi: je, madaktari hawayaoni maumivu ya Walatino? Wakalinganisha kiwango cha maumivu alichokisia daktari na kile alichokitaja mgonjwa mwenyewe, wakakuta makisio hayatofautiani kati ya makundi hayo mawili. Kumbe maumivu yalikuwa yanaonekana vizuri. Pengo lilikuwa kati ya kuyaona na kutoa dawa.

Nimeanza na tafiti hizo kwa sababu daktari wa dharura aliyetumikia mitaa ya kipato cha chini katika miji ya Marekani kwa kawaida husifiwa kwa moyo wake: uvumilivu wa zamu za usiku, upole kwa asiye na makazi, kutochoka na mlevi anayerudi kila wiki. Moyo huo ni wa kweli, na asiye nao hadumu katika kazi hii. Lakini akimaliza zamu saa moja asubuhi, anaondoka nao. Anayeingia baada yake anakuta foleni ileile, fomu zilezile, na kabati la dawa ambalo ufunguo wake unashikwa na mtu yuleyule. Pengo la afya, yaani tofauti ya huduma na afya kati ya makundi ya watu, hupungua pale daktari anapougeuza uamuzi wake mzuri kuwa utaratibu wa idara nzima, kitu kinachofanyika hata siku ambayo yeye hayupo na zamu imeshikwa na mtu aliyechoka asiyemjua mgonjwa. Kwa hiyo maisha yake ya kazi napenda kuyapima kwa taratibu alizoziacha nyuma.

Idara ya dharura ilipata nafasi yake ya pekee kwa nguvu ya sheria. Kabla ya 1986 hospitali binafsi iliweza kumtazama mgonjwa, kumuuliza bima, kisha kumpakia kwenye gari apelekwe hospitali ya umma. Gordon Schiff na wenzake waliwafuatilia wagonjwa 467 waliohamishiwa Hospitali ya Cook County, Chicago, na matokeo yakatoka 1986: asilimia 87 walihamishwa kwa kukosa bima, asilimia 89 walikuwa Weusi au Walatino, na karibu robo yao walifika hali zao hazijatulia. Mwaka huohuo Bunge la Marekani likapitisha sheria inayojulikana kwa kifupi kama EMTALA. Hospitali yenye idara ya dharura na inayopokea fedha za Medicare, bima ya serikali kwa wazee, inatakiwa kumchunguza kila anayefika kuomba huduma bila kumchelewesha kwa maswali ya malipo, na kuituliza hali yake kama ni ya dharura. Kumhamisha kabla hajatulia kuna masharti, mojawapo likiwa kwamba hospitali inayompokea imekubali na ina uwezo wa kumtibu.

Sheria hiyo iliokoa watu wengi. Hata hivyo haikutenga fedha, na wajibu wake unaishia pale hali inapotulia. Mwenye kisukari aliyefika sukari ikiwa juu kupita kiasi atatibiwa, lakini sheria haisemi insulini ya wiki ijayo itatoka wapi. Sheria ya bima ya 2010 ilikusudia kuziba tundu hilo kwa kupanua Medicaid, bima ya serikali kwa wenye kipato kidogo, ila Mahakama ya Juu ikaamua 2012 kwamba kila jimbo lijichagulie, na majimbo 10 hayajaupokea upanuzi huo. Ndiyo maana mlango wa dharura unabeba mzigo ambao haukujengewa: pumu isiyo na daktari wa kawaida, presha isiyo na dawa, maumivu ya jino, arosto ya aliyekosa dawa za kulevya, upweke. Daktari anayelalamika kwamba watu hawa hawakustahili kuja kwake hajaangalia milango mingine waliyoikuta imefungwa.

Turudi kwenye maumivu, maana hapo ndipo inapoonekana vizuri jinsi utaratibu unavyofanya kazi na jinsi unavyoharibika. Chukua mgonjwa wa selimundu aliyepatwa na shambulio la maumivu. Marekani ina watu wapatao 100,000 wenye ugonjwa huu, wengi wao Weusi. Maumivu yake hayana kipimo cha damu cha kuyathibitisha, na mara nyingi mgonjwa mzoefu haonekani kuumia kwa sababu amejifunza kukaa kimya akitazama simu yake. Anajua dawa inayomsaidia na kiasi chake, na akiitaja kwa jina anashukiwa kuwa ni teja. Utafiti wa Carlton Haywood na wenzake wa 2013 ulionyesha kwamba wagonjwa hawa walisubiri kumwona daktari kwa muda uliozidi ule wa wagonjwa wengine kwa asilimia 25.

Mwongozo wa kitaifa wa 2014 uko wazi. Dozi ya kwanza itolewe ndani ya dakika 30 tangu mgonjwa apangiwe daraja la uharaka, au dakika 60 tangu aandikishwe mapokezi. Maumivu yapimwe tena kila baada ya dakika 15 hadi 30, na dozi irudiwe kama bado ni makali. Katika mizani ya ngazi tano ambayo hospitali nyingi za Marekani hutumia kupanga foleni, mgonjwa huyu anastahili ngazi ya 2, yaani hatakiwi kungoja.

Kwa nini basi mwongozo unaojulikana haufuatwi? Sababu ya kwanza ni kwamba dozi inamsubiri daktari. Muuguzi wa mapokezi anamwona mgonjwa dakika ya 10, lakini daktari yuko kwenye chumba cha mshtuko wa moyo, na oda inaandikwa saa moja baadaye. Suluhisho lake ni agizo la kudumu lililosainiwa mapema, linalompa muuguzi ruhusa ya kutoa dozi ya kwanza mwenyewe kwa masharti yaliyoandikwa. Sababu ya pili ni mishipa. Mgonjwa aliyechomwa sindano tangu utotoni ana mishipa migumu kupatikana, na nusu saa inapotea ikitafutwa. Agizo zuri linataja njia mbadala bila kumlazimu mtu kufikiri: sindano chini ya ngozi, au kwa mtoto fentanili, dawa kali ya maumivu, ya kupuliza puani, mikrogramu 1.5 kwa kila kilo ya uzito, huku mshipa ukiendelea kutafutwa. Dozi ya pili nayo ina tatizo lake. Ya kwanza ikishatolewa idara hupumua na kumsahau mgonjwa, kwa hiyo maagizo ya dozi tatu yaandikwe kwa mkupuo mmoja, kila moja na masharti yake: kama maumivu bado yako juu, kama mgonjwa ana fahamu na anapumua vizuri, toa. La mwisho ni kumbukumbu. Mgonjwa mwenye mpango wake binafsi wa matibabu anafika saa nane usiku, na mpango umefukiwa ndani ya faili la kliniki ambalo hakuna anayelifungua usiku. Unatakiwa ujitokeze wenyewe kwenye skrini pale jina lake linapoandikishwa.

Hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachomtaka mtu awe mwema zaidi ya alivyo. Hiyo ndiyo nguvu yake. Semina za kuwakumbusha wafanyakazi juu ya ubaguzi uliojificha nyoyoni zina nafasi yake, ila zikifanyika bila kugusa maagizo na saa, idara inatoka na vyeti na mgonjwa anaendelea kusubiri.

Vifaa navyo vina upande wake. Oksimita, kile kibanio cha kidoleni, husoma oksijeni kwa kupitisha mwanga kwenye ngozi, na rangi ya ngozi huingilia usomaji. Ripoti iliyotoka Michigan mwaka 2020 ililinganisha namba za oksimita na vipimo vya damu ya ateri. Pale oksimita ilipoonyesha asilimia 92 hadi 96, namba ambayo wengi huiona salama, asilimia 11.7 ya vipimo vya wagonjwa Weusi vilikuwa na oksijeni halisi chini ya 88, dhidi ya asilimia 3.6 kwa Wazungu. Katika janga la korona, oksijeni na vitanda vilipogawiwa kwa kuangalia namba moja ya kidoleni, athari ya kosa hilo si ngumu kuikisia. Daktari mmoja mmoja hawezi kuitengeneza mashine, lakini idara inaweza kuandika kanuni: namba moja isitumike peke yake kumrudisha mtu nyumbani, mgonjwa atembezwe kisha apimwe tena, anayehema haraka huku kidole kikisema 94 achukuliwe damu ya ateri, na mwelekeo wa namba kwa saa kadhaa uangaliwe kuliko kipimo kimoja.

Pumu ya watoto inafundisha jambo hilohilo kwa gharama ndogo. Steroidi, dawa ya kutuliza uvimbe wa njia za hewa, ikitolewa ndani ya saa ya kwanza hupunguza idadi ya wanaolazwa. Mazoea ya zamani yalikuwa kumpa mtoto dozi ya kwanza kisha kumwandikia mzazi steroidi iitwayo prednisoloni ya siku tano. Nusu ya kazi ikawa imeachiwa duka la dawa, usafiri, na mtoto anayetema dawa chungu. Deksamethasoni, steroidi nyingine, inakaa mwilini muda mrefu zaidi, kwa hiyo dozi moja au mbili za miligramu 0.6 kwa kilo, zisizozidi miligramu 16, zinaifanya kazi hiyo. Dozi ya pili inaweza kuwekwa mkononi mwa mzazi kabla hajatoka. Pampu pia itoke na mtoto, pamoja na chemba yake ya kuvutia hewa, na mzazi aonyeshe kwa vitendo jinsi atakavyoitumia: tikisa, bonyeza mara moja, mtoto avute pumzi kadhaa, ndipo ubonyeze tena. Kosa linalojirudia ni kubonyeza mara mbili tatu kwa mfululizo, na dawa nyingi huishia kwenye kuta za chemba.

Tabia ya kutoa cheti cha dawa na kuamini kwamba dawa imetolewa ni moja ya chanzo kikubwa cha pengo, na haiandikwi popote kama kosa. Kwa mwenye gari na bima, cheti na dawa vinakaribiana. Kwa anayeruhusiwa saa tisa usiku, basi la kwanza likiwa la asubuhi, duka la mtaani limefungwa na zamu yake kiwandani inaanza saa kumi na mbili, cheti ni karatasi tu.

Kwenye uraibu wa opioidi, yaani dawa za jamii ya heroini, mofini na fentanili, maendeleo yamekuwa ya kasi, na yanastahili kuelezwa kwa kirefu kidogo. Gail D'Onofrio, daktari wa dharura wa Chuo Kikuu cha Yale, alichapisha na wenzake mwaka 2015 jaribio lililowagawa wagonjwa kwa kura katika makundi matatu. Waliopewa orodha ya vituo tu, asilimia 37 walikuwa kwenye matibabu siku ya 30. Waliopata mazungumzo mafupi na kuunganishwa na kituo, asilimia 45. Walioanzishiwa palepale idarani buprenofini, dawa ya kutibu uraibu huo, asilimia 78. Ni tofauti kubwa, na imetokana na kuanza leo badala ya kesho.

Hatua zake si ngumu. Mgonjwa apimwe arosto kwa mizani ya alama: mapigo, jasho, mboni zilizotanuka, miayo, tumbo. Alama zikifika 8 au zaidi, wengi huanza na miligramu 4 hadi 8 chini ya ulimi, iyeyuke yenyewe, asimeze wala asinywe maji. Baada ya dakika 30 hadi 60 apimwe tena na kuongezewa inapobidi. Ikitolewa mapema mno, opioidi nyingine zikiwa bado zimeshika vipokezi, arosto inalipuka ghafla na mgonjwa hataiamini tena dawa hiyo wala aliyempa. Fentanili imeongeza ugumu kwa sababu hujificha kwenye mafuta ya mwili kwa siku nyingi, kwa hiyo madaktari wengi husubiri alama zipande zaidi kabla ya dozi ya kwanza. Mwisho wa Desemba 2022 sheria iliondoa kibali maalumu ambacho daktari alilazimika kukiomba ili aandike buprenofini. Bado zipo idara ambazo hazianzishi, na sababu zinazotajwa ni muda na kukosa mahali pa kumpeleka mgonjwa. Ya pili ina ukweli. Miadi ya kliniki isiyozidi siku tatu mbele, iliyopangwa kwa simu kabla mgonjwa hajavaa viatu, ni sehemu ya matibabu kama ilivyo dawa yenyewe.

Leana Wen, daktari wa dharura aliyeongoza idara ya afya ya jiji la Baltimore kuanzia 2015 hadi 2018, alilipeleka wazo hili nje ya hospitali. Mwaka 2015 alisaini cheti kimoja cha naloksoni, dawa ya kumzindua aliyezidisha opioidi, kwa wakazi wote wa jiji, ili yeyote aweze kuichukua kwenye duka la dawa bila kumwona daktari kwanza. Saini moja ilichukua nafasi ya maelfu ya miadi. Tangu 2023 naloksoni ya kupuliza puani ya miligramu 4 imeruhusiwa kuuzwa bila cheti nchini kote.

Kipimo cha virusi vya ukimwi kinafuata mantiki hiyohiyo. Tangu 2006 mamlaka ya kudhibiti magonjwa ya Marekani inashauri kila mwenye umri wa miaka 13 hadi 64 aelezwe kwamba atapimwa isipokuwa akikataa. Ukimsubiri daktari amchague wa kumpima, atachagua kwa sura.

Ipo bidhaa moja inayouzwa kwa jina la usawa ambayo naikosoa waziwazi: dodoso la mahitaji ya kijamii lisilo na mtu nyuma yake. Muuguzi anauliza kama mgonjwa ana chakula, kama umeme umekatwa nyumbani, kama anapigwa na mwenzi wake. Mgonjwa anajibu ndiyo, kompyuta inahifadhi ndiyo yake, na anaondoka na karatasi yenye namba za simu, nyingine zimeshakufa. Kumuuliza mtu jambo la aibu kisha kutofanya lolote ni kumfunza asijibu tena. Idara ianze na maswali machache ambayo ina jibu lake ndani ya saa 24: mfanyakazi wa ustawi wa jamii aliyepo zamu ya usiku, tiketi za basi kwenye droo, wakili wa makazi anayepokea simu. Orodha irefushwe kadiri majibu yanavyopatikana.

Hata mipango yenye watu nyuma yake inatakiwa ipimwe kwa ukali. Camden, New Jersey, ilipata sifa nchi nzima kwa mpango wa kuwafuata nyumbani wagonjwa wachache wanaolazwa mara nyingi. Takwimu za kabla na baada zilionyesha kulazwa kumeshuka sana. Jaribio la kura lililochapishwa 2020 likahusisha wagonjwa 800, na ndani ya siku 180 waliolazwa tena walikuwa asilimia 62.3 kwa waliohudumiwa na mpango, asilimia 61.7 kwa wasiohudumiwa. Sababu moja inaeleweka: ukimchukua mtu katika kipindi kibaya kuliko vyote maishani mwake, mara nyingi kipindi kinachofuata kitakuwa nafuu hata usipomgusa. Nyingine ni kwamba muuguzi alifika mlangoni, lakini nyumba ya kupanga, tiba ya uraibu na daktari wa akili havikuwepo vya kumuunganisha navyo. Siwalaumu waliouanzisha, waliruhusu kazi yao ipimwe hadharani, jambo ambalo mipango mingi hulikwepa.

Nje ya kuta za hospitali, historia ina mfano ambao kila mwanafunzi wa fani hii angepaswa kuujua. Miaka ya 1960 mgonjwa wa Hill District, mtaa wa Weusi mjini Pittsburgh, alibebwa na gari la polisi, mara nyingi bila huduma yoyote njiani. Mwaka 1967 ikaanzishwa Freedom House, huduma ya magari ya wagonjwa iliyowaajiri vijana Weusi wa mtaa huo, wengi wao wakihesabiwa kuwa hawaajiriki. Daktari Peter Safar, mmoja wa waasisi wa ufufuaji wa kupuliza pumzi mdomoni na kubonyeza kifua, alisimamia mafunzo yao, na baadaye Nancy Caroline akawa mkuu wao wa tiba. Walikuwa miongoni mwa wahudumu wa kwanza Marekani kutoa tiba ya hali ya juu barabarani. Mwaka 1975 jiji likaichukua kazi hiyo, Freedom House ikafungwa, na wengi wa wafanyakazi wake wakasukumwa pembeni. Ujuzi ulibaki nchini, lakini ajira haikubaki mtaani.

Umbali nao unaua. Upande wa kusini wa Chicago ulikaa miaka 30 bila kituo cha ngazi ya juu cha majeraha ya watu wazima baada ya Chuo Kikuu cha Chicago kufunga cha kwake 1988. Kikafunguliwa tena Mei 2018, baada ya vijana wa mtaani kuandamana kwa miaka mingi. Los Angeles, hospitali iliyopewa jina la Martin Luther King ilifunguliwa 1972 kufuatia ghasia za mtaa wa Watts za 1965, ikaacha kulaza wagonjwa 2007, na hospitali mpya ikafunguliwa 2015. Atlanta ilibaki na kituo kimoja tu cha ngazi ya kwanza kwa watu wazima baada ya kingine kufungwa Novemba 2022. Hospitali hizi haziendi mbali kwa bahati mbaya. Kitanda kilichojaa wagonjwa wa Medicaid kinalipwa kidogo kuliko kitanda cha mwenye bima binafsi, na mwenye kitanda hukihamishia kwenye malipo.

Ukitaka kuona hesabu hiyo ndani ya jengo moja, angalia ukumbi wa idara ya dharura saa nne usiku. Wagonjwa wanaolala kwenye machela wameshapangiwa kulazwa, lakini wodi haina nafasi kwa kuwa vitanda vimeshikiliwa kwa upasuaji uliopangwa wa kesho, ambao unalipa vizuri. Muuguzi wa dharura anawatunza hao huku akipokea wapya, na mwenye maumivu ya kifua anakata tamaa ya kusubiri na kurudi nyumbani. Idara haiwezi kulitatua hilo peke yake. Linatatuliwa kwenye kikao kinachopanga ratiba ya upasuaji, kwa kuusambaza wiki nzima badala ya kuurundika mwanzoni mwa wiki, na kwa wodi kuruhusu wagonjwa kabla ya saa sita mchana. Daktari wa dharura asiyekaa kwenye kikao hicho atapambana na matokeo yake hadi anastaafu.

Kuhusu moyo kusimama ghafla, Comilla Sasson, naye daktari wa dharura, alionyesha mwaka 2012 kwamba aliyeanguka katika mtaa wa Weusi wa kipato cha chini alikuwa na nafasi ndogo sana ya kubonyezwa kifua na mpita njia, takriban nusu ya ile ya aliyeanguka katika mtaa wa Wazungu wa kipato kikubwa. Mafunzo hugharimu ada na muda, kwa hiyo huwafikia waliojaliwa. Njia ya mkato ni mpokea simu wa dharura anayemfundisha aliyepiga papo hapo: weka kitako cha kiganja katikati ya kifua, bonyeza sentimita 5 hadi 6, mara 100 hadi 120 kwa dakika, usiache. Huko nako lugha inakwamisha. Simu ya asiyejua Kiingereza ikichelewa kupata mkalimani, dakika zinazohesabika zimekwisha.

Mfano ninaoupenda kuliko yote umetoka Philadelphia. Eugenia South, daktari wa dharura, alikuwa katika timu iliyochukua viwanja 541 vilivyotelekezwa na kuvigawa kwa kura. Baadhi vilisafishwa: takataka zikaondolewa, ardhi ikasawazishwa, nyasi na miti michache ikapandwa, uzio mfupi wa mbao ukawekwa wenye nafasi za kupita, na matunzo yakaendelea kila mwezi. Vingine viliachwa kwanza kama vilivyokuwa. Matokeo ya 2018: katika mitaa iliyo chini ya mstari wa umaskini, uhalifu wa bunduki ulipungua kwa asilimia 29, na wakazi waliosema wanajisikia wanyonge walipungua pia. Gharama ilikuwa kama dola 1,600 kwa kiwanja. Linganisha na upasuaji mmoja wa risasi ya tumbo. Uzio ulipangwa makusudi uwe mfupi, kiwanja kionekane kinatunzwa na bado watu waweze kukaa humo. Ukiusahau ukaaji huo, unabaki na nyasi zilizofungiwa.

Kwa daktari kijana anayetaka kuanza maisha ya kazi ya namna hii, na wapo wengi, ushauri wangu unahusu usaili wa ajira. Aulize maswali matatu. Je, idara inachapisha kila mwezi muda wa kusubiri na muda wa kupata dawa ya maumivu, ukigawanywa kwa lugha, rangi na aina ya bima, na mkuu wa idara anauona? Je, nani ana mamlaka ya kubadilisha maagizo ya kudumu, na badiliko la mwisho lilichukua miezi mingapi tangu kupendekezwa? Na je, saa za kufanya kazi hiyo ziko ndani ya mshahara, au zinafanywa usiku baada ya zamu? Swali la tatu ndilo linalotoa majibu ya kukwepa zaidi. Hospitali nyingi zinapenda kuwa na daktari wa usawa kwenye tovuti yao, zikimpa cheo bila saa na bila mchambuzi wa takwimu. Apewe angalau siku moja kwa wiki nje ya zamu, imeandikwa kwenye mkataba, pamoja na mtu wa kumtolea takwimu. Akinyimwa hivyo viwili, aendelee kutafuta, maana ipo hospitali nyingine katika jiji hilohilo yenye foleni ndefu zaidi na mkuu wa idara anayetaka kweli ipungue.